UZI: Kuna mtu Ahero ana majina yangu yote matatu, hivi ndivyo nilivyomtafuta mpaka nikampata

FundiKibuye

Wadau habari zenu. Huu uzi ni mrefu mnivumilie, naandika na simu nikiwa karakana hapa Kibuye, Kisumu, stima imepotea tangu saa nne na hakuna kazi ya kuchomelea inaendelea, kwa hivyo acha nitoe hii maneno imekaa kwa roho yangu miezi saba.

Mwaka jana nilitafuta mkopo wa mashine mpya. Nikaenda kwa kampuni moja ya mikopo hapa town, nikajaza fomu, nikaacha kopi ya kitambulisho, nikaambiwa nirudi Jumatano. Kurudi, dada wa kaunta ananiambia umekataliwa, uko CRB (wale wa kuweka rekodi za mikopo na madeni), una deni la pampu ya maji hujalipa. Pampu ya maji! Mimi sina shamba, naishi nyumba ya kupanga Manyatta, maji nanunua kwa mtungi. Nikamwomba azungushe skrini nione na macho yangu. Na kweli jina langu lilikuwa pale, la ubatizo, la kuzaliwa na la baba, yote matatu kwa mpangilio ule ule, na mwaka wa kuzaliwa 1986 kama wangu. Nikamwambia dadangu huyo si mimi. Akanijibu, sasa unakataa nini na jina ni lako.

Hilo neno lilinichoma. Huku kwetu Waluo mnajua vile majina hutoka. Ukizaliwa usiku wewe ni Otieno, alfajiri Omondi, jua likipanda Onyango, likiwaka Ochieng, jioni Odhiambo, mvua ikinyesha Okoth. Pacha wa kwanza Opiyo, wa pili Odongo, anayewafuata Okello. Sasa hesabu watoto wa kiume waliozaliwa usiku kutoka Maseno mpaka Muhoroni mwaka mmoja tu, na baba zao nao ni kina Ouma na Owino, halafu padri anawabatiza kwa majina yale yale machache ya watakatifu. Lazima wawili wagongane kila kitu. Kuwa na wajina si ajabu, ajabu ni mtu wa ofisi anayeishi Kisumu hii hii aone jina aseme basi ni wewe.

Nikachukua ripoti yangu ya CRB, ni haki yako kupata moja bure kila mwaka na wengi hawajui. Nikaiprinti saiba nikakaa nayo na kalamu, mstari kwa mstari. Kwa ile akaunti ya pampu, sanduku la posta ni la Ahero na namba ya simu siijui. Nikarudi kwa kampuni nikawaonyesha. Wakasema leta ushahidi kwamba nyinyi ni watu wawili. Yaani mimi ndio nitafute mtu nisiyemjua nimlete ndio niaminike niko peke yangu.

Nikaamua nitamtafuta. Naendelea, acha nipokee mteja.

Omwana_wa_Webuye

Pole sana ndugu. Huku Bungoma ni hivyo hivyo, mtoto wa mavuno ni Wekesa ama Nekesa, wa mvua Wafula ama Nafula, wa kiangazi Simiyu na Nasimiyu, wa njaa Wanjala na Nanjala. Darasa langu la nane tulikuwa Wafula sita, mwalimu alituita kwa kijiji, Wafula wa Misikhu, Wafula wa Lugulu, na mimi mpaka leo kuna watu sokoni hawajui jina langu lingine. Endelea tuko hapa.

Mama_Lanet

Nakuru nasi tuko na yetu. Sisi Wakikuyu mtoto wa kwanza wa kiume anaitwa babu mzaa baba, sasa babu akiwa na vijana watano, kila mmoja kifungua mimba wake ana jina la mzee huyo huyo. Kwetu kuna binamu wanne jina moja, na wawili wana jina moja la ubatizo pia. Nitarudi kusema yaliyotupata kortini, kwanza nataka kusikia vile ulimpata huyo mtu.

FundiKibuye

Nimerudi, stima bado.

Mwanzo nilitafuta kama kipofu. Nikaandika jina langu Google, zikaja kurasa za Facebook kama themanini, wengine wako Mombasa, wengine picha ni ya mchezaji wa mpira. Nikaacha hapo. Nikatuma meseji 70000 ile ya IEBC, tume ya uchaguzi, ya kuangalia kama umeandikishwa kura, nikaona inataka namba ya kitambulisho na mwaka wa kuzaliwa, haiulizi jina, kwa hivyo inanionyesha mimi tu. Nikaenda kwa ofisi ya ardhi nikidhani nitaambiwa huyu jina lake ana shamba wapi, mzee mmoja pale nje anayesaidia watu kujaza fomu akaniambia kijana wangu huku tunatafuta kwa namba ya shamba, leta namba ya shamba nikuonyeshe jina, usilete jina utake shamba.

Huyo mzee alinifungua macho kuliko wote. Kila daftari la serikali lina mlango wake. Lingine linafunguka kwa namba, lingine kwa jina. Nikamuuliza, mzee, ni gani inafunguka kwa jina. Akasema Gazeti Rasmi, na kesi.

KaraniMstaafu

Huyo mzee amesema kweli kabisa. Nimefanya kazi rejista miaka mingi kabla ya kustaafu hapa Kakamega, acha niongeze kwa ajili ya vijana.

Gazeti Rasmi la Serikali linatoka tangu 1899, na siku hizi ni kila Ijumaa. Ukitafuta hati mpya ya shamba baada ya kupoteza ile ya kwanza, lazima itangazwe humo, jina lako, sanduku la posta, ukubwa wa shamba na namba yake, halafu msajili anangoja siku 60 kama kuna mwenye pingamizi. Mtu akifariki na familia ikaomba korti usimamizi wa mali yake, inatangazwa humo pia, siku 30. Ukibadilisha jina kwa hati ya kubadili jina, humo. Nakala ziko bure kwa tovuti ya Kenya Law, na za zamani nyingi zimeskaniwa ziko Google Books. Kenya Law hiyo hiyo ina hukumu za korti, na kesi za urithi zinaandikwa kwa jina la marehemu mwenyewe.

Lakini mkitafuta jina la mzee wa zamani msitafute kwa tahajia moja. Karani aliandika alichosikia. Odhiambo utaikuta Odiambo, Okoth utaikuta Okodh au Okot, Wekesa utaikuta Wekessa. Mimi mwenyewe nimeandika watu vibaya nikiwa kijana, watu wanapanga laini mpaka nje, mtu anataja jina lake kwa sauti ya chini, huna muda wa kumuuliza mara mbili. Ninasikitika kwa hilo mpaka leo kwa sababu najua kuna familia zimeapa viapo kwa wakili na kulipa pesa ili kuthibitisha kwamba jina hili na lile ni la mtu mmoja.

FundiKibuye

Asante sana mzee, na usijilaumu.

Basi mimi nikakaa saiba jioni tatu mfululizo, naweka jina kwa alama za kufunga na kufungua ili lije zima. Kenya Law ikanipa matokeo matatu. Moja mirathi ya mzee aliyefariki kabla nizaliwe, huyo si yeye. Ya pili kesi ya mpaka wa shamba, huyo mtu ni wa Migori na kwa hukumu wanasema alikuwa na miaka 70. Nilisoma hiyo hukumu yote, si kwa sababu nilihitaji, lakini ukiona jina lako limeandikwa "mlalamikaji" kila aya unashindwa kuacha, mpaka nikaanza kumuonea uchungu vile jirani amemhamishia mawe ya mpaka.

Ya tatu ndio hiyo, Gazeti. Tangazo la hati iliyopotea. Majina yangu matatu, shamba chini ya ekari mbili eneo la Kano, sanduku la posta Ahero, lile lile liko kwa ripoti yangu ya CRB. Na matangazo ya siku hizi yanaweka na namba ya kitambulisho kwa mabano. Nikatoa changu kwa mfuko nikalinganisha chini ya taa ya skrini. Tarakimu za kwanza tano zinafanana, za mwisho tatu hapana.

Sijui kama mnaelewa vile nilijisikia. Miezi minne nikiambiwa huyo ni wewe, na hapo kwa karatasi ya serikali imeandikwa si wewe, imekuwa hapo wazi kwa kila mtu, hakuna aliyeangalia.

Nyaboda_Kondele

Omera si ungewapelekea tu hiyo Gazeti iishe?

FundiKibuye

Niliwapelekea. Wakasema ni tangazo tu. Ndio nikaenda Ahero.

Mama_Lanet

Subiri, kabla hujafika Ahero. Nani mwingine alikusaidia kumpata? Maana hapa watu watasoma huu uzi waanze kufuata watu nyumbani na namba za vitambulisho mkononi, na hiyo si nzuri. Kuna Sheria ya Kulinda Data ya 2019, na hata bila sheria, kama mtu usiyemjua angekuja kwangu Lanet na karatasi yenye namba yangu ningepiga mayowe.

FundiKibuye

Umesema ukweli mamangu na nililiwaza hilo. Sikuenda kwake moja kwa moja. Nilienda kwa naibu wa chifu siku ya wiki, na barua ya kampuni na kitambulisho changu, nikamwambia shida yangu yote. Namba ya yule mtu sikumwonyesha mtu yeyote, na hapa pia sitaandika, wala majina yetu sitaandika. Naibu wa chifu alicheka kidogo alipoona jina akasema huyo namjua, lakini siwezi kukupeleka mpaka nimuulize. Akampigia. Wakaongea kidogo. Akanipa simu.

Sauti ya kwanza niliyosikia ilikuwa mtu anataja jina lake, ambalo ni jina langu, na mimi nikamjibu kwa jina langu, ambalo ni lake. Tukanyamaza wote. Halafu akaniuliza, ulizaliwa saa ngapi. Nikamwambia mama alisema jogoo wa kwanza. Akasema mimi pia.

Alinielekeza kwake mwenyewe. Unashuka Ahero, unachukua boda unapita mashamba ya mchele, nyumba ya mabati iko juu ya tuta kidogo. Ukutani kuna mstari wa matope umekauka, urefu wa kiuno changu, akasema hapo ndipo maji ya mto Nyando yalifika 2024. Hati ya shamba ilikuwa kwa sanduku la mbao chini ya kitanda pamoja na cheti cha kubatizwa cha mtoto na karatasi za pampu. Vyote vilikuwa uji. Ndio maana akaenda polisi kuchukua abstrakti, ile karatasi ya kuripoti kitu kilichopotea, akaapa kiapo, jina likaingia Gazeti. Na pampu yenyewe ndio ile ya deni, maji yaliibeba na bomba zake, hakuwahi kuiona tena. Alikuwa amelipa awamu tisa. Simu yake ilienda na maji pia kwa hivyo meseji za kudaiwa hazikumfikia, deni likatafuta mtu likanipata mimi.

Nilikuwa nimeenda pale na hasira jamani. Nilikuwa nimepanga maneno kwa matatu. Yote yaliisha nikiangalia huo mstari wa matope.

Mkewe akaleta chai. Tukaweka vitambulisho viwili kando kando kwa meza ya plastiki. Upande wa mbele, majina sawa, mwaka sawa, tarehe yake ni Machi yangu ni Oktoba. Wilaya ya kuzaliwa, changu kinasema Kisumu, chake kinasema Nyando, na ukweli ni kwamba Nyando yenyewe ilikatwa kutoka Kisumu, kama isingekatwa hata hapo pangefanana. Tukavigeuza. Nyuma ndio kuna tofauti yote, lokesheni, sub-lokesheni, hakuna neno moja linafanana. Mtoto wake wa darasa la pili akasimama katikati yetu anasoma kwa sauti, kidole kinatoka kadi hii kinaenda ile, akifika kwa jina anaangalia uso wa babake, halafu wangu.

KaraniMstaafu

Hapo kwa kugeuza kadi ndipo penye kazi. Jina na mwaka ni mwanzo tu. Uliza namba, uliza sub-lokesheni, uliza jina la mama. Jina la mama ndilo hutenganisha watu haraka kuliko yote, watu wawili wanaweza kugongana kwa baba lakini kwa mama pia ni nadra sana.

Hata mkoloni alijua jina halitoshi. Ile kipande ambayo baba zetu walivalishwa shingoni ndani ya kibati, sheria yake ya 1915, ilikuwa na alama za vidole, maana mzungu mwenye shamba hangeweza kutofautisha kina Otieno wake kwa jina. Ilikuwa kitu cha kudhalilisha, babangu alikuwa nayo na hakupenda kuitaja. Lakini leo mtu ana kompyuta na kadi yenye namba, anaamua kwa jina peke yake.

Mjukuu_wa_Askari

Samahani kuingilia, nina swali karibu na hili. Babu yetu upande wa mama alienda vita ya pili ya dunia na KAR, lile jeshi la Waafrika chini ya Waingereza, Burma, hakurudi. Nimeingia tovuti ya Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola nikaweka jina, yamekuja majina mengi yanayofanana. Natofautisha aje?

KaraniMstaafu

Angalia namba ya jeshi na kikosi, mwanangu, na tarehe. Uliza wazee wa nyumbani kama kuna barua, medali ama karatasi ya malipo, namba ya jeshi huwa imeandikwa. Ni vizuri babu yenu ni wa vita ya pili. Wa 1914 mpaka 1918, hasa wapagazi wa Carrier Corps, ni uchungu mtupu, wengi majina yao hayakuandikwa popote. Tume yenyewe ilitoa ripoti 2021 ikakiri kwamba Waafrika wengi hawakukumbukwa kwa majina kama Wazungu walivyokumbukwa. Ile sanamu ya askari iko Kenyatta Avenue Nairobi, izunguke yote, hutapata jina la mtu hata mmoja.

Mjukuu_wa_Askari

Asante mzee. Mama anasema kuna bati lenye namba kwa sanduku la nyanya yetu, Jumamosi naenda Ugunja kuangalia.

Mama_Lanet

Nilisema nitarudi. Yetu ilikuwa hivi. Shosho alipofariki tulienda kortini Nakuru kwa urithi, barua ya chifu ikaorodhesha warithi, na ile jina la babu ikatokea mara moja tu badala ya mara mbili. Aliyeandika alidhani tumerudia kwa makosa akafuta mmoja. Binamu mmoja akawa amepotea kwa karatasi. Hakuna aliyegundua mpaka tangazo likatoka Gazeti, na tuligundua kwa sababu mwanangu wa kidato cha tatu alisoma tena ile barua ya chifu akahesabu. Tulikuwa na siku 30, tulibaki na 11. Huyo binamu yuko Qatar kazini, angerudi apate kila kitu kimegawanywa.

Kwa hivyo mimi nasema, tangazo la familia yenu likitoka hesabu vichwa kwa karatasi za korti, halafu weka namba ya kitambulisho mbele ya kila jina tangu ile barua ya chifu. Msione aibu kuambia chifu aandike "huyu ni wa mama fulani".

Nyaboda_Kondele

Mimi yangu ni ndogo. Niko na Odhiambo wanne kwa simu, nilitumia mmoja elfu tatu za mwingine. M-Pesa ikaonyesha jina nikaona Odhiambo nikabonyeza. Niliforwadi ile meseji 456 haraka wakanirudishia lakini roho ilikuwa imetoka. Siku hizi nimewaandika Odhiambo Mkate, Odhiambo Tairi, hivyo.

Omwana_wa_Webuye

@FundiKibuye sasa ilikuaje na kampuni? Na deni?

FundiKibuye

Stima imerudi lakini acha nimalize.

Tulienda pamoja. Yeye alisema atakuja, sikumuomba. Jumatatu tulisimama kwa ile kaunta watu wawili, tukaulizwa majina, yeye akataja, mimi nikataja. Yule dada aliangalia huyu akaangalia yule. Tukaweka kadi mbili, ripoti yangu, ukurasa wa Gazeti, na barua ya naibu wa chifu yenye muhuri ikisema anawajua hawa kuwa watu wawili wa lokesheni mbili. Meneja akatoka ofisini. Hakuomba msamaha, alisema tu "itarekebishwa", na ilichukua wiki tano, mimi nikipiga simu kila Ijumaa. Nilichukua ripoti tena, hii nililipia, iko safi.

Deni ni lake na hajalikataa, hilo nataka lijulikane kwa sababu kuna mtu atasoma afikiri alikuwa ananikimbilia kwa jina. Walimpangia upya alipe kidogo kidogo baada ya mavuno ya mchele. Mimi mashine nilipata kwa chama cha hapa Kibuye mwishowe, ile kampuni sikurudi.

Siku 60 za tangazo lake ziliisha mwezi uliopita, hakuna aliyeweka pingamizi, hati mpya ametoka nayo. Alinipigia akiwa bado mlangoni mwa ofisi ya ardhi, akanisomea jina lililo juu, pole pole, yote matatu. Nilimchomelea kisanduku cha chuma chenye kifuniko cha mpira kisichoingiza maji, nilimpelekea Jumapili. Tulikiweka juu ya kabati, juu kabisa ya ule mstari.

Mama_Lanet

Hicho kisanduku unauza pesa ngapi? Tuko wengi tunaohitaji.

FundiKibuye

Njoo inbox mamangu tupange. Cha karatasi za ukubwa wa hati nina kipimo tayari.